Binti yangu kaniuliza kuhusu jicho la pweza, nikakosa jibu

Muuza Pweza, Tanga

Wakuu, assalamu alaykum na habari za jioni.

Nauza pweza, huu ni mwaka wa 19, meza yangu iko karibu na soko la samaki la Deep Sea hapa Tanga. Supu, wa kukaanga, wa kijiti, ndimu na pilipili juu. Binti yangu yuko kidato cha nne, na jioni akimaliza kazi za shule huja kunisaidia kukata. Bamvua iliyopita wavuvi walileta pweza wengi, wengine bado hai kwenye ndoo. Alikuwa ameshika mmoja mkubwa, anamwinamisha huku na huku, akaniita, "Baba, hebu tazama mboni."

Nikatazama. Mboni ya pweza ni mstari mweusi uliolala. Ukimwinamisha upande, mstari haufuati kichwa. Unabaki umelala sawasawa na upeo wa bahari, kama pimamaji ya fundi mwashi. Miaka yote hii nayakata macho nawatupia paka, sijawahi kuliona hilo.

Ndipo akaniuliza. Shuleni wanasoma mageuko ya viumbe. Ijumaa kabla ya hapo ustadhi wetu alizungumzia jicho kwenye darsa, kwamba jicho pekee linamtosha mwenye akili kujua kwamba yuko aliyeliumba. Binti alikuwapo upande wa akina mama. Sasa anataka kujua, jicho hili la pweza linamtetea ustadhi au linakitetea kitabu cha Bayolojia? Alimuuliza mwalimu wake, akajibiwa, "Kwenye mtihani andika Darwin upate maksi, moyoni amini unachoamini."

Hilo ndilo lililoniuma. Sitaki mwanangu azoee kuandika asichokiamini. Kama jambo ni kweli, aelezwe ukweli wake uko wapi. Kama si kweli, aonyeshwe kosa.

Mimi niliishia darasa la saba. Mwenye elimu anieleze taratibu, kama mtu mzima anavyomweleza mtu mzima mwenzake. Na naomba tusitukaniane dini wala tusiitane nyani.

Fundi Saa

Kaka yangu, umeuliza jambo ambalo mimi naishi nalo. Natengeneza saa hapa Moshi tangu 1991. Ukifungua saa ya zamani, ile ya kutia ufunguo, unakuta kamani, magurudumu ya meno, balansi inayokwenda na kurudi, na vijiwe vyekundu vidogo kama chembe ya mchanga ambamo ekseli zinazunguka. Toa kimoja tu, saa imekufa. Hakuna saa inayofanya nusu ya kazi kwa sababu ina nusu ya vyuma. Mchungaji mmoja wa Uingereza, William Paley, alilisema hili mwaka 1802: ukiokota saa njiani hutasema ilijitengeneza yenyewe. Mimi sikuhitaji kusoma kwake, meza yangu ilinifundisha.

Michael Behe, mtaalamu wa biokemia wa Marekani, alilipeleka mbali zaidi mwaka 1996. Alionyesha kwamba ndani ya chembe hai kuna mitambo ya namna hiyo hiyo, kama mkia wa bakteria unaozunguka kwa mota, ambayo ukiondoa kipande kimoja haifanyi kazi. Kitu cha hivyo kitajijengaje kidogo kidogo, wakati kabla hakijakamilika hakina faida?

Halafu angalia hilo jicho lako. Pweza na binadamu ni mbali kabisa. Yeye hana hata mfupa. Lakini wote wana mboni, lenzi, na pazia la kupokea mwanga kwa nyuma. Mafundi wawili wasiojuana hawachongi funguo mbili zinazofungua kufuli moja. Na wanasayansi wenyewe wamekuta jeni moja, yaani kipande cha maelekezo ya urithi ndani ya chembe hai, inaitwa Pax6, inashiriki kuanzisha jicho kwa binadamu, kwa nzi na kwa ngisi. Mimi hapo naona mkono wa mchoraji mmoja.

Mwambie binti ustadhi wake hajakosea.

Mpimaji Mstaafu

Ndugu Muuza Pweza, salaam kutoka Muheza, hatuko mbali. Nilikuwa mpimaji wa maabara kwa miaka 31. Ni mzee wa kanisa pia, nalisema mapema ili mtu asidhani nimekuja kumtoa Mungu barazani.

Nianze na kitu ambacho binti anaweza kukifanya mwenyewe usiku huu. Achukue kipande cha boksi. Upande wa kushoto achore kwa mkaa alama ya kujumlisha, upande wa kulia nukta nene kama kifungo cha shati, kati yake sentimita 8. Afumbe jicho la kushoto. La kulia liitazame alama ya kujumlisha tu, lisihame. Aanze mkono ukiwa umenyooka, kisha alivute boksi polepole kuja usoni. Likifika kama sentimita 30, nukta itapotea. Itapotea kabisa, na mahali pake ataona boksi tupu. Akilivuta zaidi, itarudi.

Sababu yake ni hii. Pazia la nyuma ya jicho, retina, limejaa chembe zinazopokea mwanga. Kwa binadamu, nyuzi za neva zinazopeleka habari kwenye ubongo zimepita mbele ya hizo chembe, upande ule ule mwanga unakoingilia. Zinakusanyika mahali pamoja na kutoboa retina ili zitokee nyuma. Pale zilipotoboa hakuna chembe ya kupokea mwanga, basi nukta ikiangukia hapo haionekani. Mtu afikirie fundi umeme aliyetandaza nyaya mbele ya kioo cha televisheni, kisha akatoboa kioo ili azitolee nyuma.

Pweza hana tundu hilo. Nyuzi zake zinaanzia nyuma ya retina na kwenda zake.

Fundi Saa anaweza kusema mpangilio wetu una manufaa, na ni kweli. Chembe za retina hula sana, na kwa kukaa nyuma zinapata damu nyingi kutoka kwenye tabaka la nyuma. Mwaka 2007 watafiti wa Ujerumani walionyesha pia kwamba zipo chembe ndefu ndani ya retina zinazoupitisha mwanga kama nyuzi za kioo, ukavuka nyaya zile bila kuharibika sana. Silidharau jicho letu, ndilo lililonilisha miaka 31. Ila tazama ni nani ana tundu na ni nani hana. Changu analo. Papa, kenge, kuku, popo, ng'ombe, mimi na wewe, wote tunalo. Pweza, ngisi na dome hawana. Sasa changu na pweza ni majirani. Wako mwamba mmoja, maji yale yale, mwanga ule ule, wote wanawinda kaa. Kama nyaya zingepangwa kwa kufuata kazi, changu angekuwa na jicho la pweza. Anacho kilichoko kwenye ukoo wake, ukoo wa wenye uti wa mgongo, pamoja na popo anayeruka usiku.

Hata ukiwafuatilia wakiwa bado mayai au mimba unaona njia mbili. Retina yetu huchipuka kutoka kwenye ubongo kwenda nje. Ya pweza huanza kwenye ngozi, inabonyea kwenda ndani. Zimeanzia pande mbili, zikakutana kwenye umbo moja, kwa sababu mwanga unapinda kwa kanuni zile zile kwa kila mtu na ukitaka picha safi njia si nyingi. Pax6 ni ya zamani kuliko macho yote mawili, hapo Fundi amesema kweli, na mimi nasema ni urithi wa babu wa mbali sana aliyekuwa na kidoa tu cha kuhisi mwanga na kiza.

Muuza Pweza, wewe una kisu na macho ya kutupa. Toa lenzi ya pweza, ile gololi ngumu ya ndani, uibane kwa ncha ya kisu. Kisha fanya hivyo kwa changu. Sikuambii utaona nini.

Kuhusu "nusu ya jicho ina faida gani": wapo konokono wa baharini wanaonata kwenye miamba ambao jicho lao ni kikombe tu, halina lenzi, linajua kivuli kimetoka upande gani. Nautilus, ndugu wa pweza mwenye gamba, ana jicho lenye tundu dogo tu la mboni, maji ya bahari yanaingia humo ndani, na anaishi. Mwaka 1994 watafiti wawili wa Chuo Kikuu cha Lund, Sweden, Nilsson na Pelger, walipiga hesabu ya kutoka kidoa bapa mpaka jicho lenye lenzi, kila hatua ikiwa ni badiliko la asilimia 1 linaloongeza uoni. Wakapata hatua 1,829, na kwa makadirio ya kubana wakapata vizazi visivyofika 400,000. Kwa kiumbe anayezaa kila mwaka, hiyo ni miaka michache mno katika umri wa bahari.

Fundi Saa

Mzee wangu, nimelifanya jaribio la boksi na mke wangu shahidi. Nukta imepotea. Nakubali, na nimelishangaa.

Hoja ya ukoo nimeielewa. Lakini Muumba anaweza kuwapa ukoo mmoja mchoro mmoja, kama kampuni ya saa inavyotumia mashine moja kwenye saa za kike na za kiume. Hilo halinisumbui. Kinachonisumbua ni nguvu ya kujenga. Mabadiliko yanayoonekana kwa macho, yanayopimwa, naona yanavunja tu. Selimundu, inayowekwa kwenye kila kitabu kama mfano wa mageuko, ni damu iliyoharibika. Na Behe mwaka 2007 aliitumia malaria, jambo lako hilo. Alisema kimelea kilihitaji mabadiliko mawili ya jeni kwa pamoja kuishinda klorokwini, dawa ya zamani ya malaria, na ikakichukua miaka mingi pamoja na wingi wake wote. Kama mawili tu ni tabu hivyo, jicho litawezekanaje?

Mama Wawili, Bukoba

Nilikuwa nasoma kimya kimya. Naandika kwa sababu ya selimundu.

Mwanangu wa pili anayo. Ana miaka 11. Nimekesha naye wodini usiku ambao mifupa inamuuma mpaka shuka likimgusa analia. Walikuja watu kunifariji. Mmoja akasema Mungu amepanga. Mwingine akasema ni bahati mbaya tu. Wote wawili waliniacha palepale waliponikuta.

Aliyenisaidia ni nesi aliyechukua kalamu akanichorea. Mimi nimebeba nusu, mume wangu amebeba nusu, kila mimba ina nafasi 1 kati ya 4 ya mtoto kupata zote mbili. Akaniambia kwamba kwenye maelekezo yote ya kutengeneza himoglobini ni herufi moja imebadilika. Nikamuuliza, mbona sisi wa huku Ziwani tunayo sana? Ndipo akanihadithia kuhusu daktari Anthony Allison, aliyekulia Kenya. Mwaka 1949 alipima damu za watu akakuta waliobeba nusu wanazidi 20 katika kila 100 pwani na kando ya Ziwa Victoria, na nyanda za juu zisizo na malaria hawafiki hata 1. Mwaka 1954 akaonyesha kwamba mwenye nusu ana kinga dhidi ya malaria kali.

Nililia siku ile, lakini kilio cha aina nyingine. Mimi na baba yake huenda tuko hai kwa sababu ya kitu kile kile kinachomuumiza mwanetu. Bibi zetu waliovuka utotoni ndio waliotuachia.

Fundi, ukisema ni kuharibika, kwa mwanangu uko sahihi. Kwangu mimi huko sahihi. Herufi ni moja, inategemea umebeba ngapi na unaishi wapi. Ningependa uliweke hivyo siku nyingine.

Fundi Saa

Dada, pole sana. Nimekusikia. Sitaliandika tena vile.

Mpimaji Mstaafu

Mama Wawili, pole, na Mungu amtunze huyo kijana.

Fundi, swali lako ni zito na nitalijibu kwa slaidi, maana ndizo nilizoishi nazo. Nilipoanza kazi, mtoto wa malaria alipewa klorokwini, anajikuna siku mbili kwa muwasho, siku ya saba unamtoboa kidole, unatandaza damu, unapaka rangi ya Giemsa, unaweka chini ya hadubini: damu safi. Miaka ya tisini nikawa naweka slaidi ya siku ya saba na vile vipete vya zambarau vipo, vingi, ndani ya chembe nyekundu, kama hakuna dawa iliyopita. Mama anakuapia amempa vidonge vyote. Alikuwa anasema kweli. Nilianza kwa kudhani akina mama wanadanganya, na mpaka leo hilo linanisumbua.

Mwaka 2001 nchi ikaacha klorokwini, tukaingia kwenye SP, yaani sulfadoxine-pyrimethamine. Mwishoni mwa 2006 tukaingia kwenye dawa ya mseto.

Sasa kuhusu Behe. Alisema jambo moja la kweli: klorokwini ilikuwa ngumu kushindwa. Utafiti wa 2014 ulionyesha kwamba protini ya kimelea inayohusika inahitaji angalau mabadiliko mawili ndipo ianze kuitoa dawa. Lakini hayakulazimika kutokea dakika moja. Moja linaweza kutangulia, likakaa bila kumdhuru mwenyewe, likasubiri la pili. Na mgonjwa mmoja aliyezidiwa anaweza kuwa na vimelea trilioni moja mwilini. Usugu huo ulizaliwa mara chache tu duniani. Uliotufikia sisi Afrika ulitoka Asia ya Kusini-Mashariki, na jeni za vimelea vyetu bado zina alama za ukoo huo.

Ukitaka kuona ujenzi wa hatua kwa hatua, tazama SP, na huku kwetu Tanga ilichoka mapema. Badiliko la kwanza, kwenye nafasi ya 108 ya kimeng'enya kinacholengwa na dawa, linakipa kimelea nguvu kidogo. La pili linaongeza. La tatu linaongeza tena. Kila hatua ina faida yake mwenyewe, na kila hatua imeonekana kwa watu hai, ikapimwa. Hapo hoja ya saa yako inashindwa, kwa heshima zote, kwa sababu saa haizai. Kamani yako haina watoto trilioni moja ambao mmoja wao ni imara kidogo kuliko wenzake.

Na ukiondoa dawa? Malawi waliacha klorokwini mwaka 1993. Baada ya miaka michache vimelea sugu vikaanza kupungua, vile vya zamani visivyo na mzigo wa usugu vikarudi, na utafiti uliotolewa 2006 ukakuta klorokwini inaponya tena karibu wote waliopewa. Sasa hivi nchini Rwanda na Uganda vimeonekana vimelea vinavyochelewa kufa kwa artemisinini, dawa kuu ndani ya ule mseto, na vile vya Rwanda havikutoka Asia, vimezuka pale pale. Kwa hiyo mimi sina nafasi ya kuliita hili nadharia ya mtihani. Mpimaji asiyeliamini atashindwa kujua kwa nini slaidi ya siku ya saba ina vipete.

Muuza Pweza, umeomba binti asiandike asichokiamini. Mimi namwamini Muumba, na sijawahi kuificha slaidi yoyote. Mtu akiniambia "Mungu yupo kwa sababu jicho haliwezi kuelezwa", naogopa kwa niaba yake, kwa kuwa siku jicho likielezwa imani yake itakuwa imetundikwa kwenye msumari uliong'olewa. Ustadhi akisema jicho linamfanya amkumbuke Mola wake, huyo hana ugomvi na kitabu cha Bayolojia hata kidogo. Ni maneno mawili tofauti. Binti aulize ni lipi alilisema siku ile.

Muuza Pweza, Tanga

Wakuu, nimechelewa kurudi, biashara ilikuwa nzuri.

Boksi tumelifanya usiku ule ule, nyumba nzima. Mama yake hakuamini, akalifanya mara tano. Mdogo wake wa miaka saba anasema nukta inaenda kunywa maji inarudi.

Jana tukafanya la kisu. Lenzi ya pweza ni gololi kweli, ngumu, safi kama tone la maji. Nikaishika kwa kitambaa, nikaibana kwa ncha ya kisu pembeni, ikaachana vipande viwili. Haikukatika, iliachana yenyewe, kimoja kikubwa kimoja kidogo, kama vile vilikuwa vimebandikwa. Binti akasema nilikosea. Tukafungua pweza wa pili, hivyo hivyo. Wa tatu, hivyo hivyo. Kisha changu: gololi moja, nikiibana inabanduka tabaka jembamba jembamba kama kitunguu, wala haigawanyiki. Tukajaribu na ya jodari, nayo ni moja.

Nimekuwa nikiyashika macho haya kwa miaka 19 nikidhani ni kitu kimoja.

Binti ameandika yote kwenye daftari, tarehe, aina ya samaki, vipande vingapi. Ijumaa baada ya swala nilimpeleka kwa ustadhi, akamuuliza kwa adabu lile swali la Mpimaji. Ustadhi alinyamaza kidogo, akaomba aonyeshwe hilo la boksi. Mkaa haukuwapo, tukatumia kalamu. Naye nukta ilimpotea, akasema "Subhanallah", akarudia kwa jicho la pili akiwa amegeuza boksi. Akamwambia binti kwamba anataka kulifikiria kabla hajajibu, na kwamba amletee daftari wiki ijayo.

Fundi Saa, ukija Tanga pweza wako yuko mezani, bure. Mama Wawili, tunamwombea kijana.

Mpimaji, binti ana swali jingine. Anasema kama ngisi na dome ni ukoo mmoja na pweza, basi lenzi zao nazo lazima ziachane vipande viwili, na zisipoachana wewe umekosea. Nimemwagiza jamaa wa Sahare aniwekee ngisi mmoja mkubwa kesho alfajiri. Nitaleta majibu.